Clem Trevaskis na Moto wa Kinnabrook

Clem Trevaskis alijifunza kuchekesha watu ndani ya ghala la viazi. Baba yake, Mervyn, alilima viazi kwenye vilima vyekundu vya Kinnabrook, nje kabisa ya Melbourne, na kila mavuno ukoo mzima ulisimama mbele ya mkanda wa mashine kuchagua vibovu. Kazi ile ilichosha macho na kufisha ulimi. Clem, akiwa bado mtoto wa shule, akaanza kutangaza viazi kama wachezaji: huyu hapa anaingia, kitambi mbele, jicho moja, mechi mbili tu kaumia goti, haya, atolewe nje. Shangazi zake walicheka mpaka mmoja akazima mashine ili apumue. Mervyn hakucheka. Lakini hakumwambia anyamaze pia, na kwa mzee yule hiyo ilikuwa sifa kubwa.

Uwanjani alikuwa hafai. Klabu ya kriketi ya Kinnabrook haijapata kuwa na mpigaji mbovu kuliko yeye, na nahodha alimpa kipaza sauti hasa ili asidai nafasi kwenye timu. Hapo ndipo alipojipata. Jumamosi baada ya Jumamosi alikaa kwenye chumba kidogo cha mbao juu ya jengo la klabu akitangaza mechi, na hakuna aliyepona. Mwalimu mkuu aliyekimbia kwa hatua fupi akawa Bata. Lorraine Pickett, aliyesimamia chai na hakuwahi kuacha kusema, akawa Birika. Graham Maddern, aliyetolewa nje kwa mpira wa kwanza kila alipoingia kupiga, akawa Salamu, kwa sababu alikuja kuwaamkia watu tu na kurudi. Wao nao walimwita Galah, jina la yule kasuku wa waridi anayepiga kelele mashambani bila sababu, na ambalo huko kwao ndilo jina la mtu asiye na akili. Alilipenda.

Mtu mmoja wa redio, akipita Kinnabrook kwenda kwenye arusi, alisimamisha gari kununua soseji uwanjani, akasikia sauti ile kutoka kwenye spika, na arusi akaikuta imeshakwisha. Mwaka uliofuata Clem alikuwa Melbourne. Pamoja na mwenzake Phil Abboud alianzisha kipindi cha Jumamosi asubuhi walichokiita Walioachwa Nje, na kwa zaidi ya miaka ishirini watu waliosha magari yao, wakakata nyasi na kupiga rangi uzio huku wakimsikiliza. Aliwachokoza manahodha na makocha, akawachokoza mawaziri waliokuja uwanjani kupigwa picha. Mara moja, tarehe ya kwanza Aprili, alitangaza kwa sauti ya huzuni kwamba nzige wamekula nyasi zote za uwanja mkuu usiku kucha na msimu umefutwa. Simu za kituo zilizidiwa. Watu wazima walilia hewani. Mzaha ule ulimfuata maisha yake yote. Hata akisema mvua itanyesha, watu walicheka kwanza.

Halafu kituo kikapata wakubwa wapya, na wakubwa wapya wakataka sauti mpya. Phil alihamia televisheni. Clem alipewa keki na kushikwa mkono. Mke wake, Roslyn, alikuwa amefariki miaka michache kabla, na nyumba ya mjini ilikuwa kubwa na kimya, hivyo akarudi Kinnabrook kwa binti yake Tamsin, ambaye alikuwa amechukua shamba la babu na kulima viazi vizuri kuliko babu. Akawa anachekesha kwenye mabaa ya wilaya na kwenye karamu za klabu za wazee. Na Jumamosi alipanda tena kwenye kile chumba cha mbao.

Ndivyo ilivyokuwa Februari ile, siku ya fainali kati ya Kinnabrook na Drummond Flat.

Joto lilikuwa la kukausha mate. Asubuhi kamati ilibishana kama mechi ichezwe au iahirishwe, na waliotaka ichezwe wakashinda kwa sababu chakula kilikuwa kimeshapikwa. Upepo wa kaskazini ulisukuma vumbi jekundu uwanjani, na nyuma ya vilima misitu ya mikalitusi ilikuwa imesimama mikavu, majani yakining'inia kama matambara. Uwanja peke yake ndio ulikuwa kijani, maana ulinyweshwa kila jioni.

Kabla ya mapumziko ya chai barafu iliisha. Tamsin alimpungia baba yake mkono kutoka chini, akamwonyesha boksi tupu, akaingia kwenye gari lake la shamba na kuteremka barabara ya bondeni kwenda kituo cha mafuta. Barabara ya kutoka Kinnabrook ilikuwa hiyo moja.

"Huyo anaondoka Bibi Viazi," Clem alisema kwenye kipaza sauti. "Akichelewa, bia yenu mtaikoroga kama chai." Watu walicheka. Bata, ambaye sasa alikuwa mwamuzi, alimwashiria anyamaze kidogo.

Muda si mrefu ngazi za mbao zikatikisika. Aliyepanda alikuwa Val Ostrowski, fundi wa matrekta na mkuu wa kikosi cha kujitolea cha zimamoto, mwanamke mfupi mwenye shingo ya kiume. Redio yake ya mkononi ilikuwa ikikoroma.

"Clem, zima muziki."

"Subiri, mpigaji anaingia, nataka nim—"

"Zima."

Akazima. Val alifunga mlango nyuma yake, jambo ambalo hakuna aliyelifanya kwa joto lile.

"Moto umeruka mto," alisema. "Upande wa shamba la Pedersen. Sasa hivi unapita mbali na sisi, lakini upepo utageuka kabla ya jioni, na ukigeuka ubavu wote wa moto unakuwa uso, unatujia sisi. Barabara ya bondeni itakuwa ndani. Hapa kuna nyasi fupi zenye maji, kuna gari letu, kuna bomba. Hapa tunapona. Barabarani hatuponi. Wewe ndiye mwenye spika. Waambie waje katikati ya uwanja na mtu asiguse gari."

"Tamsin kaenda kuchukua barafu."

Val alimtazama. "Ameshuka?"

"Ameshuka."

"Simu?"

Clem alikuwa ameshaitoa mfukoni. Ililia, ikalia, ikakatika. Akapiga tena, safari hii haikulia hata kidogo.

"Nitawaita zimamoto wa bondeni kwa redio," Val alisema, polepole sasa. "Nitawapa namba ya gari lake. Ndicho ninachoweza. Lakini hawa hapa ni karibu mji mzima, Clem. Wakiona moshi watakimbilia magari, na wakikimbilia magari nitawazika."

Alishuka. Clem akabaki na kipaza sauti. Kwa mara ya kwanza tangu utoto hakujua aanzeje.

"Mabibi na mabwana," alisema, "mechi imesimamishwa. Kuna moto kwa Pedersen. Naomba kila mtu aje katikati ya uwanja."

Uwanja mzima ukacheka.

Halikuwa kosa lao. Sauti ile ilikuwa imefundishwa kwa miaka mingi kubeba tabasamu ndani yake, hata pale mwenyewe asipotabasamu. Mtu mmoja wa Drummond Flat alisimama kwenye benchi akapiga kelele, "Na nzige je, Galah? Nzige wako wapi?" Kicheko kikaongezeka.

"Sitanii," Clem alisema, na hilo likawachekesha kuliko la kwanza, kwa kuwa kila mara alipowachezea alisema hivyo hivyo.

Ndipo wachache waliokaa upande wa juu wakageuza shingo na kuona. Moshi ulikuwa umesimama nyuma ya kilima, mweusi chini, wa rangi ya kutu juu, na ulikuwa mpana. Wale hawakucheka. Wale walinyanyua watoto na vikapu na kwenda mbio kwenye magari, wakati wenzao bado wanapiga makofi. Injini ya kwanza ikawaka. Clem aliona kutoka juu jinsi mambo yatakavyokuwa: gari moja, halafu matano, halafu msururu mzima ukiteremka bondeni.

Akavua kofia. Akakiweka kipaza sauti karibu na mdomo na kuacha kupaza sauti.

"Lorraine Pickett," alisema.

Mama wa chai, birika mkononi, alisimama kama aliyeguswa begani. Kwa miaka arobaini Clem hakuwahi kumwita kwa jina hilo.

"Lorraine Pickett, weka hilo birika chini. Chukua wajukuu wako uende katikati, kwenye vijiti vya kriketi. Neville Strachan." Huyo ndiye Bata. "Neville, waite wachezaji wote wawapokee wazee kwenye ngazi. Joan Halloran, mlangoni kuna mablanketi ya sufu ya zimamoto, yatoe, yaloweshe maji. Colin Voss, nakuona, zima hiyo injini."

Kicheko kilikufa kidogo kidogo, kutoka mbele kwenda nyuma. Watu walitazamana. Wengi walikuwa wamesahau kwamba Galah anayajua majina yao.

"Barabara ya bondeni haifai," aliendelea. "Val amesema na mimi namwamini. Nisikilizeni vizuri, maana sitaki kulisema hili mara mbili. Binti yangu yuko kwenye hiyo barabara. Tamsin. Mmemwona akiondoka. Hakuna mtu hapa anayetaka kutoka kwenye lile lango kuliko mimi. Na mimi sitoki. Kwa hiyo na wewe usitoke."

Colin Voss alizima injini. Mlango wa gari lake ukafunguka, mke wake akatoka na mtoto. Wa nyuma yake naye akazima. Watu wakaanza kuteremka kuelekea kwenye majani mabichi, kwanza wakitembea, halafu wakikimbia, na wachezaji waliovaa sare nyeupe wakiwashika wazee mikono.

Ni mmoja aliyekataa. Graham Maddern alikuwa na farasi wawili zizini, mlango umefungwa kwa komeo, na nyumba yake ilikuwa si mbali na lango. Clem alimwona akibishana na mke wake Yvonne kando ya gari. Yvonne alimshika shati. Graham akamwachisha vidole kimoja kimoja, bila hasira, akaingia garini.

"Graham," Clem alisema. "Graham Maddern. Rudi, ndugu yangu. Farasi watapiga mlango teke. Rudi kwa Yvonne."

Taa za breki ziliwaka langoni. Zikakaa kidogo. Kisha zikazimika na gari likapinda kushoto.

Hapo hapo umeme ukakatika na spika zikafa. Clem aliteremka ngazi akiwa na kile kipaza sauti cha betri walichotumia kwenye mbio za watoto, na alipofika chini upepo ulisita. Kulikuwa na utulivu wa ajabu, bendera ya klabu ikalegea kwenye mlingoti wake. Halafu upepo ukaja kutoka upande mwingine, kwa nguvu, kama mlango wa tanuri umefunguliwa.

Anga likawa jeusi, halafu jekundu. Cheche zilivuma juu ya uwanja zikianguka kwenye nywele na mabegani, na watu wakizizima kwa viganja. Walikuwa wamejikunyata pamoja chini ya mablanketi na taulo zilizolowa, mamia yao, watu wa timu mbili zilizokuwa zikitukanana saa moja iliyopita. Kikosi cha Val kilimwagia maji jengo la klabu. Gesi za jikoni zililipuka kwa mlio mmoja mzito, na ukelele ukapanda kutoka chini ya mablanketi, na baadhi wakaanza kunyanyuka ili wakimbie, ingawa hapakuwa na pa kukimbilia.

"Sema kitu, Clem," Lorraine alisema kutoka miguuni pake. "Wasikie mtu. Usinyamaze, tafadhali."

Basi akasema. Alisimama karibu na Val, akawa anasikiliza redio yake na kuwapa watu kila alichokisikia, kama anavyotangaza mchezo, lakini pole pole, bila chumvi.

"Hiyo ilikuwa mitungi ya gesi. Imekwisha, hakuna mingine. Moto uko kwenye uzio wa juu. Ghala la Pedersen limeshika. Sasa unapita kushoto kwetu, utakuwa na kelele nyingi. Kelele haichomi. Jifunikeni vichwa. Mlowesheni aliye karibu nanyi. Miti nyuma ya ubao wa matokeo imeshika. Ubao nao umeshika. Uwanja haujashika. Majani hayashiki. Kaeni chini."

Kila redio ilipokoroma, alisubiri kusikia namba ya gari la Tamsin. Haikutajwa. Mara moja alisikia mtu wa bondeni akisema neno "gari" na "limeungua", halafu sauti ikapotea, na Val akageuza uso. Clem aliendelea kusema. Koo lilikuwa limechubuka kwa moshi, na maneno yalitoka yakikwaruza, lakini yalitoka. Baadaye watu walisema hawakumbuki alisema nini. Wanakumbuka tu kwamba alikuwa hapo na hakuacha.

Ulipopita, mablanketi yalinyanyuka moja moja. Paa la jengo la klabu lilikuwa limeinama. Magari mengi yalikuwa maganda meusi. Hakuna aliyekufa uwanjani. Neville Strachan aliketi kando ya vijiti vya kriketi akalia kwa sauti, na hakuna aliyemtazama.

Clem alikwenda langoni. Val alimzuia kwa mkono.

"Miti inaanguka huko. Huendi."

"Nimekaa. Nimewaambia wote wakae, na mimi nimekaa. Sasa niache."

"Huendi, Clem."

Akasimama hapo, vidole vimeshika chuma cha lango mpaka kikamuunguza na hakukiachia. Jua lilikuwa limeshuka ndani ya moshi lilipotokea gari la zimamoto la bondeni, likitambaa, taa zimewaka. Juu yake, nyuma, kati ya mipira ya maji, alikaa mtu aliyejifunika blanketi, uso mweusi, macho mekundu. Clem alimtambua kwa jinsi alivyokaa, magoti mbali mbali, kama Mervyn kwenye trekta.

Tamsin alikuwa akirudi na barafu alipouona moto mbele yake kwenye kona ya pili, na nyuma yake pia. Hakujaribu kugeuza. Aliligonga gari kwenye uzio wa Pedersen, akaingia nalo katikati ya shamba lililochimbwa viazi wiki ile, ardhi tupu isiyo na jani, akajilaza ndani ya mfereji chini ya blanketi, magunia ya barafu yakiwa juu ya mgongo. Gari liliungua pembeni yake.

"Barafu imeisha yote, Baba," alisema, meno yakigongana.

Clem alimshika kichwa kwa mikono miwili, akamnusa nywele zilizoungua, na wakaketi wote wawili kwenye majivu ya lango.

Graham alipatikana asubuhi. Alikuwa amefika zizini na kufungua komeo. Farasi walionekana siku tatu baadaye kwenye kilima kingine, wazima.

Tume ya kuchunguza moto ilipokuja wiki chache baadaye, wanasheria walimwuliza Clem mambo mengi, na moja lilikuwa kama anaona kicheko kile cha mwanzo kilipoteza muda. Alijibu ndiyo. Wakamwuliza kama kulikuwa na namna nyingine ya kusema na Bwana Maddern. "Nimeitafuta," alisema. "Kila siku naitafuta." Kituo cha Melbourne nacho kilipiga simu: sasa alikuwa shujaa, walitaka arudi Jumamosi, asimulie ule moto kwa namna yake, uzito kidogo, utani kidogo. Aliwashukuru akakata. Mikataba ya mabaa aliivunja yote. Alikuwa akiamka mapema kumsaidia Tamsin, na kwenye mkanda wa mashine alichagua viazi bila kufungua mdomo.

Aliyekuja kumtoa huko ni Yvonne Maddern. Alisimama mlangoni mwa ghala, mkoba kifuani. Clem alizima mashine na kujifuta mikono kwenye suruali, akingoja kuambiwa lile alilokuwa akijiambia.

"Wamenirudishia mwili wake jana tu. Mazishi ni Alhamisi," Yvonne alisema. "Nataka useme wewe."

"Yvonne, mimi sifai. Mimi ndiye—"

"Ulimwita mara mbili. Nilisikia. Mimi nilimshika shati, wewe ulimshika kwa jina, akaenda. Ndivyo alivyokuwa." Akavuta pumzi. "Alikupenda, unajua. Akirudi nyumbani ananiambia, Galah kasema hivi juu yangu leo, anacheka peke yake kwenye bafu. Nataka wacheke. Kasisi ataleta machozi, hiyo ni kazi yake."

Kanisa lilijaa mpaka nje. Walikuwapo watu wa Drummond Flat pia, na yule aliyeuliza nzige wako wapi alikuwa amesimama nyuma, kofia mkononi, akitazama viatu vyake. Clem alipanda mbele. Hakuwa ameandika kitu. Alitazama jeneza, kisha akatazama nyuso zile zote zilizotulia zikimngoja.

"Graham Maddern," alianza, "alitolewa mpira wa kwanza mara nne msimu mmoja." Akasita. "Ya kwanza alisema ni jua. Ya pili, nyigu. Ya tatu alisema shati linambana kwapani. Ya nne nikamngoja kwenye ngazi nione leo nani mkosaji. Akanipita bila kuniangalia, akafika kwenye meza ya chai, akageuka, akasema: Clem, nimefikiri sana, nadhani ni mimi."

Mtu alikohoa. Clem akafikiri, nimekosea, nimekosea tena.

Halafu kwenye benchi la mbele mabega ya Yvonne yakaanza kutikisika. Alikuwa amejifunika uso kwa viganja, na kutoka pale mbele Clem hakuweza kujua kama anacheka au analia. Alimngoja. Yvonne, bila kuondoa mkono mmoja usoni, alinyoosha wa pili na kumpungia aendelee.